Daftari Kabla ya Sherehe: Vilabu vya Soka Unguja na Wachezaji Wao wa Zamani

Klabu humuenzi mchezaji wake wa zamani kwa mambo mengi: mechi ya kumuaga, picha ukutani, jina lake juu ya jukwaa. Hoja yangu ni kwamba hayo yote hayana pa kusimama pasipokuwa na kumbukumbu iliyoandikwa ya nani alicheza, lini, na alifanya nini. Vilabu vyetu vya Unguja vianze hapo, kabla ya kufikiria sherehe.

Marekani, wachezaji wa besiboli huenziwa kwa fahari kubwa. Mwaka 1939 New York Yankees waliistaafisha namba 4 ya Lou Gehrig, na mwaka huohuo Ukumbi wa Mashujaa ukafunguliwa Cooperstown. Mwaka 1997 namba 42 ya Jackie Robinson iliondolewa katika timu zote za ligi kuu. Anayetazama kwa mbali huona namba na sanamu za shaba, lakini msingi wake ni maandishi, kwa kuwa katika mchezo ule kila pigo huandikwa. Ushahidi mzito zaidi unatoka kwa walioachwa nje. Josh Gibson, mpigaji hodari wa ligi za watu weusi, alifariki Januari 1947, miezi mitatu kabla Robinson hajawafungulia weusi mlango wa ligi kuu, na kaburi lake lilikaa bila alama hadi 1975. Waliomwona walimsimulia miaka yote hiyo, na wengine wakadhani wanatia chumvi. Ni pale watafiti walipopekua magazeti ya watu weusi, wakakusanya matokeo mchezo mmoja mmoja, ndipo mwaka 2024 takwimu zake zikaingizwa katika kumbukumbu rasmi za ligi kuu, na wastani wake wa kupiga ukampita hata Ty Cobb, aliyekuwa akishikilia rekodi hiyo. Haki yake ilirudi kupitia karatasi za magazeti.

Turudi nyumbani. Zanzibar iliingia Kombe la Gossage, mashindano ya Afrika Mashariki yaliyotangulia Chalenji, mwaka 1949. Mwaka 1995 ilitwaa Kombe la Chalenji nchini Uganda, ubingwa wake wa pekee, na mwaka huohuo Malindi ikafika nusu fainali ya Kombe la CAF. Haukupata kutokea mwaka kama ule katika soka la visiwa hivi. Nenda maskani yoyote ya Ng'ambo uulize: kombe lile kila mtu analijua. Uliza sasa kikosi kizima, pamoja na waliokaa benchi, kila mmoja alianzia uwanja gani na yuko wapi leo. Hapo ndipo wazee wanapoanza kubishana. Ugumu mwingine ni wa majina. Wachezaji wetu hujulikana kwa majina ya utani, na kina Juma, Khamis na Ali ni wengi mno. Kijana atakayesikia "Babi" miaka thelathini ijayo atajuaje kwamba huyo ni Abdi Kassim, aliyefunga bao la kwanza katika Uwanja wa Taifa mpya wa Dar es Salaam mwaka 2007?

Nadir Haroub "Cannavaro", beki wa Zanzibar aliyechezea Yanga ya Dar es Salaam, anatupa mfano mzuri. Mwaka 2018 Yanga ilimuaga kwa mchezo wa kirafiki Morogoro, na jezi yake namba 23 ikaenda kwa Abdallah Shaibu "Ninja", naye mtoto wa Zanzibar. Wamarekani huitundika jezi isivaliwe tena. Hapa ilirithishwa, na naona desturi hii inatufaa zaidi, maana humpa kijana deni la kulilipa uwanjani. Ila urithi huo una uzito kwa sababu miaka ya Nadir pale Yanga iliandikwa magazetini. Beki aliyecheza miaka kama hiyo katika ligi yetu ya hapa, jezi yake ina historia gani ya kukabidhi?

Wapo watakaosema vilabu havina fedha. Daftari halihitaji fedha nyingi. Linahitaji katibu mwenye bidii. Na pale fedha inapotakiwa, kwa matibabu ya mkongwe aliyelala kitandani, tunao mfano kisiwani humu. Vijiji vinavyoizunguka hifadhi ya Jozani vimekuwa vikipata sehemu ya mapato ya watalii, kwa sababu ilikubaliwa kwamba waliolinda msitu wana haki katika faida yake. Kwa nini sehemu ya viingilio vya Kombe la Mapinduzi, pale Amaan, isiende kwa walioujaza uwanja ule tangu 1970? Lakini mgao hauwezekani bila orodha, la sivyo wenye sauti kubwa watachukua na wanyonge watasahauliwa.

Wengine watasema kutukuza watu kwa masanamu si katika dini na desturi zetu. Nakubaliana nao, na sioni haja ya sanamu hata moja. Tunazo khitma na dua, nazo zina heshima kubwa. Lakini khitma husomwa mtu akishaondoka, ilhali mchezaji aliye hai anastahili kusikia jina lake likitajwa kwa usahihi. Ama hoja kwamba barza zinatosha kuhifadhi historia, jibu lake ni Gibson: alisimuliwa karibu miaka themanini, na masimulizi peke yake hayakumpa nafasi yake katika kumbukumbu rasmi.

Kwa hiyo naomba makatibu wa vilabu mlioko hapa mwanze na kikosi cha 1995 na Malindi ya mwaka ule. Andikeni jina kamili, jina la utani, nafasi, miaka na kijiji cha kila mmoja, mkiwafuata wenyewe walio hai. Nakala moja ibaki klabuni, moja iende Shirikisho la Soka Zanzibar, na moja ihifadhiwe Nyaraka za Taifa, Kilimani.