Kilemba cha Jirani



Wasikh, ambao wengi wetu twawaita Makalasinga, wana jumuiya iitwayo Khalsa, iliyoundwa na mwalimu wao Guru Gobind Singh mwaka 1699. Walio wa jumuiya hiyo hawakati nywele, nao huzifunika kwa kilemba. Kwao kilemba si pambo. Ni ungamo la imani mbele ya watu wote.

Tarehe 15 Septemba 2001, siku nne baada ya mashambulizi ya New York na Washington, Msikh Balbir Singh Sodhi aliuawa kwa risasi nje ya kituo chake cha mafuta huko Mesa, Arizona. Muuaji aliona kilemba na ndevu, akamdhania kuwa Mwislamu.

Ndugu wapendwa, tusiseme tu, "Maskini, alifananishwa." Je, angalikuwa Mwislamu, damu yake ingalikuwa halali? Dhambi ilikuwa kumhukumu mtu kwa vazi lake, na kumtwika asiye na hatia makosa ya wengine. Ndiyo hukumu ya macho aliyoikataza Bwana wetu (Yn 7:24).

Mwaka 2016, Rana, ndugu wa marehemu, alizungumza kwa simu na muuaji aliyekuwa gerezani. Yule aliomba radhi. Rana akamwambia kwamba wamekwisha kumsamehe. Sisi tusalio Baba Yetu kila siku, tujifunze kwa jirani huyu.

Juma hili, tukimwona mtu ambaye vazi lake latutia shaka, tumwamkie, tumwulize jina lake. Amina.