Msiichome Karatasi



Nimeombwa niseme juu ya kazi ya kuandikia sinema na televisheni. Nitamtaja Mmarekani mmoja, Richard Matheson, bingwa wa hadithi za kutisha. Siku aliyouawa Rais Kennedy, 22 Novemba 1963, alikuwa garini akirudi nyumbani, lori likamwandama nyuma kwa kasi, karibu limgonge. Wazo lile akalipeleka kwenye televisheni, likakataliwa. Hakulitupa. Mwaka 1971 alilifanya hadithi fupi, kisha filamu ya televisheni, "Duel", iliyoongozwa na kijana wa miaka 24, Steven Spielberg. Uso wa dereva wa lori hatuuoni. Kinachotisha ni lori lenyewe.

Mimi, mchezo wangu wa kwanza wa redio uliporudishwa, niliutia motoni kwa hasira. Leo nakumbuka mwanzo wake tu. Mwisho umenipotea kabisa. Basi vijana, mkikataliwa, wekeni karatasi sandukuni. Matheson alingoja miaka minane.