Ndege za Vita na Somo la Rufiji

(Mazungumzo ya mwanachama katika mkutano wetu wa mwaka)



Nimeombwa nizungumze juu ya ndege za vita, na vijana wa Kidato cha Tano wameniletea swali lao mapema: je, nchi yenye ndege nyingi yaweza kushinda vita kwa ndege tu? Swali hili lina umri kuliko wao, na kuliko mimi pia. Mwaka 1921 jenerali wa Kitaliano, Giulio Douhet, alichapisha kitabu akidai kwamba ndege zikipiga miji na viwanda kwa mabomu, wananchi watavunjika moyo na vita vitakwisha upesi. Wakuu wengi wa majeshi ya anga walivutwa na fikra za namna hiyo. Septemba 1940 Wajerumani walianza kuipiga London usiku baada ya usiku, wakaendelea mpaka Mei 1941. Raia walikufa kwa maelfu, lakini Uingereza haikusalimu amri.

Mimi lakini nataka niwarudishe nyuma zaidi, na karibu zaidi na nyumbani: Rufiji, mwaka 1915.

Manowari ya Kijerumani, Königsberg, iliipiga na kuizamisha manowari ya Kiingereza, Pegasus, bandarini Unguja tarehe 20 Septemba 1914, kisha ikajificha ndani ya delta ya Rufiji. Meli kubwa za Waingereza hazikuweza kuifuata, kwani maji ya mle ni haba, na ukitazama kutoka baharini huoni ila mikoko. Wakamwajiri rubani raia kutoka Afrika Kusini, jina lake Cutler, na ndege yake ya kutua majini. Novemba aliiona Königsberg. Desemba ndege yake ilishuka deltani, naye akatekwa.

Ndege zilizofuata zilishindwa na joto letu. Nyingine ziligoma kunyanyuka majini zikiwa na mzigo. (Mwalimu wa fizikia atawaeleza: hewa ya moto ni nyepesi, bawa halipati cha kuegemea.) Hatimaye zikaletwa ndege za magurudumu, zikatengenezewa uwanja Mafia, kisiwa ambacho Waingereza walikuwa wamekwisha kukiteka. Kazi yao kubwa ilikuwa kutazama. Zikaletwa pia manowari mbili, Severn na Mersey, zilizoundwa kwa ajili ya mito ya Brazil, ambazo hazihitaji maji mengi. Wapiga mizinga wake hawakuweza kuiona shabaha. Ndege iliyokuwa juu ndiyo iliyowaambia kwa simu ya upepo kombora limeangukia wapi.

Tarehe 6 Julai walijaribu, wakashindwa. Manowari zote mbili zilikuwa zikipiga kwa wakati mmoja, na mtazamaji angani hakuweza kujua kombora hili ni la nani. Amwambie nani asogeze kulia? Königsberg nayo ikaipiga Mersey, mabaharia wakafa.

Tarehe 11 Julai walirudi na ndege za namna ile ile na mizinga ile ile. Badiliko kubwa lilikuwa moja: sasa ilipiga manowari moja kwa zamu. Juu walikuwa rubani Cull na mtazamaji wake, Arnold. Ndege yao ikapigwa, injini ikaharibika. Nao wakishuka, Arnold hakuacha kupeleka habari za kulenga. Walitua majini karibu na Mersey, wakaokolewa. Königsberg ikawaka moto, na Wajerumani wenyewe wakaizamisha.

Sasa vijana, hesabuni ni kitu gani kilichoshinda siku ile: ndege, simu, mizinga, na utaratibu wa nani apige lini. Toa kimoja, unarudi kwenye tarehe 6.

Wala vita havikwisha. Wajerumani waliiopoa mizinga yote 10 ya Königsberg, wakaiwekea magurudumu, ikakokotwa nchi kavu kwa nguvu za Waafrika. Lettow-Vorbeck aliendelea kupigana mpaka Novemba 1918. Katika miaka hiyo wapagazi kwa makumi ya maelfu walikufa kwa njaa na maradhi, wakibeba vichwani, upande huu na upande ule, mizigo ambayo ndege za siku zile hazikuweza kuibeba.