Mto wa Kongo, Tangi la London: Hotuba ya Mgeni Rasmi kwa Wahitimu wa Filamu



Wahitimu, nasikia ubishi wenu mkubwa hapa chuoni ni huu: lokesheni au studio? Nami nitatia neno.

Mwaka 1951 ilitoka filamu ya John Huston, The African Queen, kisa cha Vita Kuu ya Kwanza katika Afrika Mashariki ya Wajerumani. Huston aliwaleta waigizaji wake hadi Uganda na Kongo. Katharine Hepburn akaugua tumbo vibaya. Humphrey Bogart na Huston hawakuugua, na wenyewe walidai ni kwa sababu ya wiski; hilo walimu wasiliweke kwenye mtaala. Pamoja na taabu yote hiyo, matukio ya waigizaji kuzama majini yalipigwa London, ndani ya tangi la studio. Mito yetu iliogopwa kwa maradhi yake. Hata ruba waliomganda Bogart walikuwa wa mpira, na Oscar akachukua!

Huston alikuja kuchukua kile ambacho London haikuwa nacho: mto, mwanga, jasho la kweli. Yaliyotaka usalama na utulivu akayapeleka ndani. Aliamua tukio kwa tukio, nanyi amueni hivyo hivyo.

Amil Shivji alipotengeneza filamu ya Vuta N'kuvute, iliyotoka 2021, Zanzibar yenyewe ilimpa kuta za kisa cha miaka ya 1950. Kuta zile ungezijenga studio kwa bajeti ipi? Lakini filamu zetu nyingi zina picha safi na mazungumzo yaliyomezwa na bodaboda. Nendeni lokesheni mapema, saa ileile mtakayoshuti, msimame kimya msikilize. Tazameni na jua: la saa sita humtia mwigizaji vivuli vyeusi machoni. Pakiwashinda, sebule ya kukodi inatosha. Zibeni madirisha kwa kitambaa cheusi, tundikeni mablanketi ukutani, zimeni friji. Na mkumbuke kuiwasha tena, mwenye nyumba ana nyama humo.

Wenzangu wa serikali, kijana mwenye kibali cha Bodi ya Filamu tusimzungushe ofisi kwa ofisi huku mwanga wake unazama.

Mkuu wa Chuo, vyeti viko tayari? Haya, tuanze kuwaita.