Mtambo wa Kukamua Rangi

(Hotuba iliyotolewa kwa wanafunzi wa zamani, Muheza)



Nimeombwa niseme machache juu ya sayansi. Mimi ni mtu wa mafaili, si wa maabara. Hivyo nitasema juu ya jambo ambalo wengi wenu mtalikumbuka.

Tulipokuwa kidato cha pili ilizuka hadithi bwenini ya mchawi mwenye mtambo wa kukamua rangi. Ukitia ua jekundu linatoka jeupe, na wekundu wake unabaki chupani. Mwalimu wetu wa kemia alizipata habari hizo. Hakutukaripia. Kesho yake alituagiza tuchume kisamvu, tukitwange na kukiloweka katika spiriti. Akachuja, akasimamisha kipande cha chaki katika kisahani cha spiriti ile ya kijani. Tukangoja. Spiriti ilipanda chaki taratibu, na rangi zikaachana njiani: kijani ikabaki nyuma, manjano ikatangulia juu. Akasema, "Mtambo wenu ni huu."

Baadaye nilisoma kwamba njia hiyo ilielezwa mwaka 1903 mjini Warsaw na Mrusi Mikhail Tsvet, mtaalamu wa mimea, aliyetumia bomba la kioo lililoshindiliwa chaki. Na jina lake, Tsvet, kwa Kirusi maana yake ni rangi!

Mwalimu hakuishia hapo. Alituletea mbegu za mzingifuri. Tulizitia katika maji, rangi ikatoka kidogo tu. Tulizitia katika mafuta ya moto, yakawa mekundu mara moja. Tukajifunza kwamba kila rangi ina mlango wake, na asiyeujua mlango atabaki na mbegu mkononi.

Ndugu zangu, pwani yetu imebaki na mbegu mkononi mara nyingi. Katika karne ya 19 wazee wetu walikusanya marere, kile kimea cha kijivu kinachoota juu ya magome ya miti. Yalipelekwa Unguja, na kutoka huko Ulaya. Wenzetu waliyaloweka katika amonia kwa siku nyingi, wakapata rangi ya zambarau ya kutilia nguo. Mwaka 1856 kijana wa Kiingereza, William Henry Perkin, mwenye umri wa miaka 18, alitengeneza zambarau kutokana na lami ya makaa ya mawe. Rangi za viwandani zikaongezeka, na biashara ya marere ikafifia.

Lakini kuna jambo lililonishangaza zaidi. Karatasi ya litmasi, ile tuliyokuwa tukikatiwa kipande cha ukubwa wa ukucha, asili yake ni vimea vya jamaa hiyo hiyo ya marere. Kilichotoka kwetu kwa magunia kilirudi kwetu kwa vijikaratasi, tena vya kununua.

Sasa niungame. Miaka kadhaa iliyopita, nikiwa kazini, nilikuwa katika kamati ya kupunguza orodha ya vifaa vya shule. Fedha zilipopungua, mimi ndiye niliyekata litmasi na karatasi za kuchujia. Nilisema ni vitu vidogo. Mwaka uliofuata nilipita katika shule mojawapo. Wanafunzi walikuwa wakinakili kutoka ubaoni rangi ambayo litmasi "ingegeuka". Binti mmoja aliniuliza, "Mzee, wewe umewahi kuiona ikigeuka?" Nilijibu ndiyo. Sikuweza kumtazama usoni.

Mwalimu wetu angefanyaje? Twajua, kwa sababu litmasi ilipotuishia alichemsha choya. Kwa ndimu maji yale yakazidi wekundu. Kwa maji ya majivu yakageuka kijani. Tulimcheka kwa umaskini wake. Leo naona kwamba hakuwa maskini hata kidogo; sisi ndio tuliokuwa hatujui alichotupa.

Kwa hiyo naomba mchango wetu wa mwaka huu usiishie kwenye lango jipya na kibao chenye majina yetu. Tununue vile vitu vidogo, nami nitaanza kwa kulipia nilivyovikata. Na mwenye shamba apande mzingifuri mmoja nyuma ya maabara, ili vijana wasipate kuambiwa tu kwamba rangi hutoka. Waitoe wenyewe.