Karatasi ya Mauziano Iliyoficha Mkopo: Kuthibitisha Deni na Rehani Mahakamani

Mada kwa watendaji wa vijiji, viongozi wa vikoba na wasaidizi wa kisheria, Mkiwa, Wilaya ya Ikungi



Hapa Mkiwa, barabara inapochepuka kwenda Itigi na Rungwa, shida ya fedha ina msimu wake. Desemba mtu anatafuta mbegu za alizeti, Januari watoto wanarudi shule, na mavuno hayaonekani mpaka Mei au Juni. Anakwenda kwa mkopeshaji. Huko anapewa karatasi iliyokwishaandikwa kwamba amemuuzia fulani shamba lake. Anaambiwa ni dhamana tu, akilipa itachanwa. Anaweka dole gumba.

Mnajua kwa nini mkopeshaji anaikwepa hati ya mkopo? Tangu Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018, biashara ya kukopesha inahitaji leseni. Hati inayotaja mkopo na riba ingemuumbua. Hati ya mauziano inamficha, na juu yake inampa shamba. Kwa maoni yangu karatasi hii ni mbaya kuliko riba yenyewe ya mikopo inayoitwa kausha damu.

Mgogoro ukifika mahakamani, anayedai jambo ndiye anayelithibitisha. Kipimo katika madai ni upande upi unaaminika zaidi. Hatudaiwi kuondoa kila shaka ya msingi kama kwenye jinai. Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake za ushahidi, lakini hapo haitofautiani. Mwaka 1984 Mahakama Kuu ilitamka kwamba mwenye ushahidi mzito ndiye anayeshinda, na uzito hautokani na wingi wa mashahidi. Jirani mmoja aliyeona noti zikihesabiwa anatosha kuwazidi watano waliosimuliwa.

Mdai wa mkopo wa kawaida ana mambo mawili ya kuthibitisha, na wengi huthibitisha moja. Ujumbe wa M-Pesa unaonyesha kwamba fedha zilitoka. Hausemi zilitoka kama mkopo. Mdaiwa atajibu kwamba alikuwa analipwa mbuzi wake. Ujumbe wa baadaye, "nivumilie, nitakulipa nikiuza alizeti", ndio unaofunga mlango huo. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 inaruhusu ujumbe wa namna hiyo upokelewe, ila anayeutegemea lazima aonyeshe umetoka kwenye simu ipi na kwamba haukuchezewa. Basi simu hiyo isiuzwe wala ujumbe usifutwe.

Aliyeweka dole gumba kwenye mauziano ana mlima mrefu zaidi, kwa sababu Sheria ya Ushahidi hairuhusu maneno ya mdomo kupinga hati hivi hivi tu. Lakini inaacha nafasi pale penye udanganyifu, vitisho au uharamu. Hapo mazingira yanasema. Shamba la mamilioni liliuzwaje kwa laki tano? Nani aliendelea kulilima misimu miwili baada ya "kuuza"? Kwa nini "muuzaji" alikuwa akimtumia "mnunuzi" fedha kila mwezi? Tena kuna swali ambalo watendaji mnalijibu vizuri kuliko wakili yeyote: Halmashauri ya Kijiji iliidhinisha? Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inataka idhini hiyo, na Mahakama ya Rufani imekwisha kutamka kuwa mauziano yasiyo nayo ni batili.

Rehani za benki kwa nyumba zenye hati nitazipitia haraka. Ridhaa ya mwenza kwa nyumba ya familia na notisi ya siku 60 kwa aliyeshindwa kulipa ndizo sehemu za kuchunguza kwanza.

Muda nao una kikomo. Dai la mkataba kwa kawaida hufa baada ya miaka 6, ila mdaiwa akikiri deni kwa maandishi yenye saini yake, au akilipa sehemu, hesabu inaanza upya. Deni la fedha lisilozidi shilingi milioni 30 linaweza kufunguliwa Mahakama ya Mwanzo.

Kwenu watendaji nina ombi. Mhuri wa kijiji usigongwe kwenye hati ya mauziano kabla muuzaji na mwenza wake hawajaulizwa, mnunuzi akiwa nje, kama wanauza au wanakopa. Majibu yao yaandikwe kwenye muhtasari wa kikao, kwa tarehe, na muhtasari ubaki ofisini.