Injini za Michezo ya Simu

Leo nataka kuzungumza nanyi juu ya injini za michezo ya simu na kompyuta.

Mzee mmoja wa Newala alinijia na swali. Mwanawe ataka kutengeneza mchezo wa bao wa kuchezwa katika simu. Amemwambia baba yake kwamba lazima wanunue kompyuta yenye nguvu nyingi, na fedha zenyewe ni za korosho. Mzee akaniuliza, "Mwalimu, hakuna njia nyingine?"

Injini hii si ya chuma, ni programu. Lakini tazameni lori linalopanda kutoka Masasi kwenda Newala. Injini ile ile yaweza kufungwa katika lori la korosho au katika basi. Fundi wa bodi hana haja ya kuunda injini. Vivyo hivyo, injini ya mchezo huchora picha, hutoa sauti, na hutambua kidole kilipogusa kioo. Kijana atatia mambo ya bao: mashimo 32, kete 64, nyumba, na sheria za kula na kutakata. (Sheria hizo si kazi ndogo, wachezaji mwajua.)

Unreal ni ya kampuni ya Epic Games ya Marekani, tangu mwaka 1998. Picha zake ni za ajabu. Lakini hujaza makumi ya gigabaiti, na gigabaiti moja ni kama MB 1,000 zile mnazonunua. Tena hutaka kompyuta kubwa. Kwa kawaida, mchezo ukipata zaidi ya dola 1,000,000, mwenye injini hudai mrabaha, yaani fungu lake, asilimia 5 ya kilichozidi. Makato hayo hayatamfikia mzee wetu upesi! Bei ya kompyuta ndiyo itakayomfikia.

Unity ilitoka Denmark mwaka 2005. Masomo yake ni mengi, na anayepata kidogo halipi. Lakini sikilizeni. Septemba 2023 kampuni ilitangaza kuwa waliopita kiwango fulani watatozwa kila mchezo unapowekwa katika kifaa, hata michezo iliyokwisha tolewa zamani. Ni kama umepanda mikorosho katika shamba la kukodi, ukaingoja miaka, na inapozaa mwenye shamba abadili kodi. Watengenezaji walikasirika sana. Ada hiyo ilifutwa Septemba 2024, lakini wengine walikuwa wamekwisha hama.

Baadhi yao walihamia Godot, kazi ya Waajentina wawili, Juan Linietsky na Ariel Manzur, iliyofunguliwa kwa watu wote mwaka 2014. Haidai ada wala mrabaha. Injini yenyewe haifiki MB 200, na yaweza kutumika hata katika simu ya Android. Kwa michezo mikubwa ya vita haifikii Unreal. Lakini bao ni mashimo na kete.

Nilimjibu mzee kwamba kijana aanze na Godot katika kompyuta ya kuazima, atuonyeshe kwanza kete zikihama shimo hadi shimo. Fedha za korosho zingoje. Kijana hakufurahi.

Sasa andikeni: injini, leseni, mrabaha, asilimia. Kisha fanyeni hesabu hii. Mchezo umepata dola 1,200,000. Mwenye Unreal atadai dola ngapi?